Misumari Tisa ya Shimo la Saba

Alifika tatu.

Mlioniandikia wiki nzima kuniuliza kama meneja alifika tatu, jibu ndilo hilo. Alisema moja, akasema mbili, akakohoa, akasema tatu. Na Mama Pacha alikuwa bado palepale tulipomwacha, juu ya kifuniko cha chuma cha Shimo la Saba, miguu ameinyoosha, jiwe la mumewe amelipakata, na mrija wa lori la zege umemwinamia juu ya kichwa.

"Mwaga," meneja akasema.

Dereva wa lori alikuwa ameshika wenzo. Mkono haukusogea.

"Dereva, husikii? Nimesema mwaga."

"Nimesikia, bosi. Lakini karatasi yangu imeandikwa nimwage zege shimoni. Huyu si shimo. Huyu ni mama wa watu."

Watu wakaguna. Walikuwa wengi asubuhi ile, wachimbaji wa mashimo mengine, wakata mawe na aproni zao za ngozi, na wake wa wale tisa waliokuwa chini. Meneja akajifuta jasho. Alikuwa amevaa koti lake la kijivu, lile ambalo wiki hii halivui hata jua likiwa la kuchoma utosi.

Sasa wewe uliyeokota gazeti hili leo kwenye kiti cha kinyozi, nikupe mambo kwa haraka. Wengine mnivumilie, haitachukua muda.

Kilima kile kina jiwe linaitwa mvumo. Ni la kijivu, zito, lina mishipa ya kijani, na lina sauti. Ukilipasua vipande viwili, vipande hivyo vinabaki ndugu milele. Gonga kimoja, cha pili kitaitika, hata kama kati yao umekaa mlima mzima. Vikikaribiana vinapata moto. Ukivigonga mno vinachoka, vinakuwa bubu, na hakuna fundi wa kuviamsha. Kengele za shule katika nchi ile ni mvumo. Vitanda vya hospitali vina mvumo wa kumwitia muuguzi. Matajiri wameuweka mlangoni ili wajue mgeni amefika kabla hajafuta viatu.

Wachimbaji nao wana matumizi yao. Mtu kabla hajashuka kwa mara ya kwanza hupasua jiwe lake. Nusu moja anaivaa shingoni, nusu ya pili inatundikwa kwenye msumari wake katika chumba cha kusikilizia. Humo wanakaa wanawake wasikilizaji, kazi yao kutega sikio na kuandika nani amegonga na saa ngapi. Shimo likiporomoka, anayegonga hugonga mara moja kwa kila aliye hai. Na mchimbaji asiye na msumari ukutani ni mtu ambaye hayupo, hata kama umekula naye asubuhi.

Siku sita zilizopita paa la Shimo la Saba lilianguka. Kitabu kinasema walishuka watu tisa, na ukutani kuna misumari tisa. Meneja akakifunga chumba cha kusikilizia siku hiyohiyo, eti kwa heshima ya msiba, na wasikilizaji watatu kati ya watano akawapa likizo ambayo hawakuiomba. Leo alfajiri Mama Pacha akavunja kufuli kwa nyundo ya kukatia mawe. Alikuta mawe manane bubu. Yalilia siku mbili mfululizo kwenye chumba kitupu mpaka yakachoka. La tisa, la Baba Pacha, akaligonga mara tatu, na likamjibu mkononi. Hakuwahi kuhesabu limejibu mara ngapi, maana walinzi walikuwa wameshafika mlangoni.

Msishangae kwamba la Baba Pacha ndilo lililobaki. Mtu anayezima taa mke wake akiwa bado anatafuta kiatu hawezi kuchezea jiwe. Ubahili ule, ambao Mama Pacha ameulalamikia miaka tisa ya ndoa, ndio uliomweka hai. Zege likimwagwa, upenyo wa hewa unazibika, na Baba Pacha hatoki tena. Haya, tumemaliza. Turudi juu ya kifuniko.

"Mama Pacha," meneja akaanza upya, safari hii kwa sauti ya mtu anayembembeleza mgonjwa. "Mimi nina uchungu kama wewe. Wale ni watu wangu. Nataka kuwazika kwa heshima, lile shimo lisimuue mtu mwingine."

"Maiti haigongi jiwe."

"Na nani amesikia jiwe likigonga?"

"Mimi."

"Wewe." Akawageukia watu. "Amesikia yeye. Mama Pacha, umekuwa msikilizaji miaka kumi na mmoja. Hebu waambie hawa kanuni ya kwanza ya chumba chenu."

Mama Pacha akalipakata jiwe vizuri zaidi.

"Mbona umekuwa bubu? Basi nitaisema mimi. Msikilizaji hasikilizi jiwe la mtu wake."

Kundi lote likatazama chini. Kanuni ile si ya kampuni, ndugu msomaji. Ni ya wachimbaji wenyewe, waliitunga babu zao baada ya kuchimba siku kumi na mbili kumfuata mtu ambaye mama yake alikuwa anamsikia peke yake. Walipoteza waokoaji wanne. Tangu hapo wakasema mapenzi yana masikio ya uongo, na neno la mke, mama au dada halifungui shimo.

Na ubaya wenyewe, aliyeishikilia kanuni hiyo kuliko wote ni huyuhuyu aliyekaa juu ya kifuniko.

"Basi mlete msikilizaji mwingine," Mama Pacha akasema. "Asiye na mtu humu ndani. Akisema hasikii, nitashuka mwenyewe na zege mtamwaga."

"Neno la mbele ya watu hilo," meneja akasema haraka. "Msikilizaji aliyebaki kazini ni mmoja. Bi Kimya, njoo."

Hapo Mama Pacha akajua ameingia mtegoni kwa miguu yake.

Bi Kimya hakuzaliwa na jina hilo. Amelipata kwa sababu kwa miaka sita hajamsemesha Mama Pacha, na wanakaa meza moja. Akitaka wino anaandika kwenye kikaratasi, anakisukuma. Mama Pacha anasoma, anatoa wino. Mwaka juzi Mama Pacha alipokuwa mgonjwa, Bi Kimya aliandika "pole" na kukigeuza kikaratasi chini juu.

Chanzo ni Shimo la Tatu. Mume wa Bi Kimya alikuwa mle lilipoanguka. Bi Kimya akasema jiwe lake linagonga. Mama Pacha, aliyekuwa mkuu wa chumba, akafunga kitabu na kusema kanuni ni kanuni. Shimo likazibwa. Kama kweli lilikuwa linagonga, mpaka leo hakuna anayejua.

Bi Kimya akaja na penseli yake sikioni, mwembamba, kitambaa cheusi kichwani. Hakumtazama mwenzake. Akanyoosha mkono, akapewa jiwe. Akaligonga mara tatu kwa ukucha, akalibandika sikioni, akafumba macho.

Lori lilikuwa linanguruma. Mama Pacha alimtazama usoni, na kwa miaka kumi na mmoja ya kazi ile aliona kope ya kushoto ikicheza. Ikacheza tena. Ikacheza tena. Kope ya msikilizaji haichezi bila sababu.

Bi Kimya akafumbua macho.

"Sisikii kitu," akasema.

Mke mmoja wa wale tisa akakaa chini mavumbini. Hakulia, alikaa tu, kama mtu aliyeambiwa asubiri.

"Mmesikia wote," meneja akasema. "Mama Pacha, shuka. Ulitoa neno."

"Kope yako imecheza," Mama Pacha akamwambia Bi Kimya.

Bi Kimya akamrudishia jiwe na kurudi nyuma.

"Shuka," meneja akasema. "Walinzi, msaidieni mama kushuka."

Walinzi wawili wakasogea, wakasita. Si kwa sababu ya Mama Pacha. Kulikuwa na mtu anawapita katikati, anawasukuma kwa kiwiko, anapumua kwa nguvu. Mama mkwe, mama mzazi wa Baba Pacha.

Mama mkwe huyu alikata mvumo miaka thelathini na mashine zikamla masikio yote mawili. Ukitaka kumwambia kitu, mtazame usoni useme polepole, naye atakusoma midomo akipenda. Asipopenda, basi.

"Sogea," akamwambia mkwe wake, akapanda kifunikoni na kuketi.

"Mama, Bi Kimya kashasema hasikii," Mama Pacha akasema.

"Na mimi sisikii hata mlango ukibishwa. Je, hakuna watu nje?" Akapanga nguo zake vizuri. "Nimekuja na makalio yangu. Hayo hayahitaji masikio."

Watu wakacheka, na meneja akaona mambo yanamponyoka. "Bibi, tafadhali, hapa si mahali pa mzaha."

"Anasemaje huyu?" mama mkwe akauliza. "Kila siku namwambia anyoe masharubu, siwezi kumsoma." Akanyoosha mkono. "Nipe mwanangu."

Mama Pacha akampa jiwe.

Sasa wakata mawe wazee waliokuwa pale wakasogea mbele, maana walijua kinachokuja. Zamani, mkata mvumo akiwa kiziwi, hakuacha kazi. Alipima jiwe kwa meno. Mama mkwe alikuwa amebakiza meno manne ya mbele, imara, ambayo anayatunza kuliko akiba. Akaligonga jiwe mara tatu, akaliuma, akainua mkono wa kulia juu ili watu wauone.

Kidole kikanyooka.

Cha pili kikafuata.

"Tatu," mkata mawe mmoja akasema. "Nne."

"Tano," wakasema wengi.

Mkono wa kushoto ukapanda. Sita. Saba. Wake wa wachimbaji wakashikana. Nane. Kwenye tisa yule aliyekaa mavumbini akainuka na kuanza kulia kwa sauti, na watu wakamkumbatia, maana tisa ni wote, tisa ni misumari yote ukutani.

"Kumi," mama mkwe akasema na jiwe mdomoni, na vidole vyote vikawa vimenyooka.

Kelele zikakatika.

Akafumba ngumi zote mbili, akaanza upya. Kidole kimoja. Viwili. Vitatu. Vinne.

Kisha akalitoa jiwe mdomoni, akalifuta kwa upindo wa nguo, akamrudishia mkwe wake. "Kumi na wanne," akasema. "Halafu amenyamaza. Kijana wangu hapendi kupoteza."

Watu wakatazamana. Mama Pacha mwenyewe alikuwa hajui aangalie wapi.

Meneja ndiye aliyezungumza kwanza, na alicheka kidogo. "Mnaona? Kikongwe wa watu. Wameshuka tisa, yeye amehesabu kumi na wanne. Na ni mama mzazi, kanuni inamkataa kama inavyomkataa mke."

"Ngoja," dereva wa lori akasema juu ya ngazi yake. "Mimi si mtu wa mawe. Lakini mama anayetaka kudanganya ili mwanawe atolewe angesema tisa."

"Nani kakuuliza wewe?"

"Hakuna. Nimejibu tu."

Na hapo watu wakaanza kuliona. Angesema tisa. Hata mtoto angesema tisa. Kumi na wanne si namba ya mtu anayetunga. Kama wako kumi na wanne chini, na misumari ni tisa, basi kuna watu watano mle ambao hawapo. Watano ambao meneja aliwashusha kwa mlango wa nyuma, bila kuwaandika. Na kesho mkaguzi wa migodi anafika. Mbona kila mtu alikuwa anajua mkaguzi anakuja, na hakuna aliyeuliza zege lilikuwa na haraka ya nini?

Penseli ikaanguka chini.

Ilikuwa ya Bi Kimya. Alikuwa amesimama ameshika kifua kwa mikono miwili.

"Shimo la Nne," akasema. Hakuwa anasema na Mama Pacha, alikuwa anasema na meneja. "Uliniambia yuko Shimo la Nne."

"Bi Kimya, rudi ofisini."

"Ulisema Shimo la Nne ni kavu, halina neno, atakaa mwezi mmoja bila kuandikwa halafu utampa msumari. Jana ukasema nikitamka maneno mawili tu leo, sisikii kitu, msumari anaupata kesho."

"Nyamaza."

"Nimenyamaza miaka sita," Bi Kimya akasema. "Imenitosha."

Akatia mkono kifuani, akatoa kifurushi cha pamba kilichofungwa uzi. Akakifungua taratibu. Ndani mlikuwa na nusu ya jiwe la mvumo, jipya, kingo zake bado kali.

"La kaka yangu," akawaambia watu. "Kaka yangu mkubwa, aliyenilea. Hakuwa na msumari, tukalipasua nyumbani jikoni, akanipa mimi nusu niitunze. Sijawahi kulisikiliza. Kanuni." Ndipo kwa mara ya kwanza kwa miaka sita akamgeukia Mama Pacha. "Na wewe usidhani nimekudanganyia kwa ajili ya kaka peke yake. Nilisikia. Nilisikia vizuri kabisa, nikaacha kuhesabu kwa makusudi. Nilitaka uonje. Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu."

Mama Pacha angeweza kujitetea. Mimi ningejitetea, na wewe pia usijifanye. Lakini yeye alikuwa amekaa juu ya shimo lenye mume wake, na muda wa kutunza heshima ulikuwa umekwisha.

"Siku ile ya Shimo la Tatu," akasema, na alisema kwa sauti, wote wasikie, "ulinijia na jiwe la mume wako mkononi. Ukaniambia, kama mimi siruhusiwi, sikiliza wewe. Sikulishika. Nilisema kanuni ni kanuni. Kanuni ilikukataza wewe. Mimi haikunikataza. Niliogopa kusikia, maana ningesikia ningetakiwa kusimama mbele ya meneja aliyekuwepo, na sikuwa na moyo huo. Nikajificha nyuma ya kitabu."

Bi Kimya akauzungusha ule uzi kidoleni.

"Sikuombi unisamehe leo. Leo hatuna nafasi. Nipe la kaka yako nilisikilize mimi. Na wewe chukua la mume wangu. Hapo kanuni itasema nini?"

Mkata mawe mzee akaivua kofia yake ngumu. "Itasema sawa," akajibu. "Kila mmoja na wa mwenzake. Mimi nina miaka sabini, na nasema ni sawa."

Bi Kimya akaokota penseli yake, akairudisha sikioni. Halafu akapanda kifunikoni.

"Sogeeni," akasema.

Wakasogea. Wakawa watatu.

"Walinzi," meneja akasema. Walinzi wakaangalia viatu vyao.

Wakabadilishana mawe. Bi Kimya alipokuwa anapokea la Baba Pacha, Mama Pacha akamshika vidole. "Ni jibu la nne leo," akamwambia. "Yeye yuko chini na kipande kimoja tu. Linaweza kuwa la mwisho."

"Kazi yangu naijua. Dereva, zima lori lako."

Dereva akalizima. Akashuka, akautoa ufunguo, akautia mfukoni mwa suruali na kufunga kifungo. Watu walisikia hata zege likijikunja taratibu kwenye pipa lake.

Bi Kimya akagonga mara tatu. Akabandika sikio. Safari hii hakufumba macho, aliwatazama watu, na akahesabu kwa sauti, sauti kavu ya ofisini, sauti ya mtu anayesomea kitabu. Moja. Mbili. Alipofika tisa hakupunguza mwendo. Kumi. Kumi na moja. Kumi na mbili. Kwenye kumi na tatu akakohoa.

"Kumi na wanne," akasema. "Wako hai. Mimi si mke wake, si mama yake, na siku zote nimemwona mbahili. Niandikeni hivyo."

Hapo ndipo kilima kilipoinuka. Wachimbaji wakaukamata mrija wa zege na kuuzungusha kando, ukabaki unatazama gari la meneja, na dereva akasema hana neno. Wengine wakakimbilia winchi, ile mashine ya kushushia waokoaji. Wake wa wachimbaji wakaanza kusukuma kifuniko hata kabla wenye kukikalia hawajashuka.

"Simameni," meneja akasema.

Hakupiga kelele. Alisema polepole, mtu aliyebakiwa na karata moja na anajua ni kubwa.

"Hongereni. Mmeshinda kwa kanuni zenu. Lakini winchi haiendi bila ufunguo, na ufunguo upo mmoja." Akapigapiga koti lake upande wa kifua. "Uko humu, na humu hautoki mpaka niseme mimi. Mkinigusa, mnaingia jela wote, na chini hakuna atakayeshuka. Hao wengine watano mnaowapigia kelele ni maneno ya vikongwe. Hawapo. Hakuna karatasi, hakuna msumari, hakuna jiwe. Nionesheni jiwe la hata mmoja linaloitika."

Bi Kimya akamgeukia Mama Pacha. "Kaka yangu. Unamsikia?"

Mama Pacha alikuwa amelibandika lile jiwe sikioni muda wote ule. Alikuwa ameshaligonga mara tatu, taratibu, kelele zilipokuwa nyingi.

Mtu anayeliuliza swali hilo hadanganywi. Hiyo nayo ni kanuni.

"Huko chini simsikii," akasema.

Bi Kimya akafunga mdomo wake kwa mkono.

"Subiri. Sijamaliza. Jiwe lake liko hai. Lina moto." Mama Pacha akaligeuza kiganjani, amekunja uso. "Lina moto mno. Jiwe ambalo mwenzake yuko chini ya mlima halipati moto namna hii. Lilikuwa hivi hata kifuani kwako?"

"Si wakati wote." Bi Kimya alikuwa anakumbuka huku anasema. "Asubuhi. Wiki hii yote, asubuhi tu. Tukiwa tumekaa mezani, tumefungiwa nje ya chumba, linapata moto ghafla. Nikawa najiambia kaka yuko karibu, yuko salama. Nikawa nafurahi."

"Asubuhi saa ngapi?"

"Saa mbili. Saa ya..." Akamgeukia meneja.

Saa mbili asubuhi ndiyo saa ambayo meneja hupita mezani kwao kuchukua kitabu cha zamu.

Mama Pacha akasimama. Ilikuwa mara ya kwanza tangu alfajiri kuondoka kwenye kile kifuniko, na hakuna aliyemsukuma. Akashuka, akatembea hatua moja kuelekea kwa meneja. Akaliangalia jiwe. Akatembea hatua ya pili, ya tatu. Ya nne alilazimika kulihamishia kwenye upindo wa nguo, lilikuwa linamuunguza.

"Meneja," akasema. "Jua lote hili. Mbona huvui koti?"

Meneja akarudi nyuma, akakuta mgongo wake umegusa lori la zege.

"Uliwanyang'anya mawe yao kabla hawajashuka," Mama Pacha akasema. "Ili wakifa wasisikike."

"Huna ushahidi."

"Sina," Mama Pacha akasema. "Ngoja nigonge."

Akaliinua jiwe la kaka mtu juu, mahali ambapo kila mwenye macho aliliona, akaligonga kwa ukucha mara moja tu.

Koti la meneja likaitika.